Doña Cila, Mfuaji wa Carreteros, na Jezi ya Mwaka 1995

Familia ya Peguero inawashukuru nyote mliofika hapa makaburini Boca Higuera, wa karibu na wa mbali, mliokuja na maua na mliokuja na kofia za timu. Wasifu huu unasomwa na Persio Peguero, kinyozi wa Mtaa wa Kanisani, mdogo wake marehemu na kitinda mimba wa nyumba yao, ambaye ameagizwa asome polepole na asilie mpaka amalize. Marehemu aliacha agizo moja tu kuhusu maneno haya. Lilikuwa fupi, na alilirudia kwa watu watatu tofauti ili mtu asije akasingizia kusahau. Linahusu jezi moja. Kila aliye hapa mwenye miaka zaidi ya arobaini anajua ni jezi gani, na wapo miongoni mwenu waliomsema vibaya kwa ajili yake. Leo mtasikiliza mpaka mwisho, maana hakuna pa kukimbilia.

Ercilia Peguero Mota, ambaye mji mzima ulimwita kwa heshima Doña, yaani Bibi, Cila, alizaliwa Jumamosi tarehe 3 Mei 1947, sikukuu ya Msalaba, katika kambi ya wakata miwa ya Cinco Carretas, kilomita kumi na moja kutoka hapa. Alikuwa mtoto wa kwanza kati ya sita wa marehemu Teófilo Peguero, mwendesha mkokoteni wa ng'ombe, na marehemu Bienvenida Mota, aliyefua nguo za wakubwa wa kiwanda cha sukari. Mama alikuwa akisimulia kwamba mtoto huyu alilia miezi mitatu mfululizo, na kitu pekee kilichomnyamazisha ni mlio wa nguo ikisuguliwa ndani ya beseni. Wadogo zake tulilelewa naye kuliko tulivyolelewa na mama, na mgongo wake tuliupanda wote watano kwa zamu.

Alisoma katika shule ya kambi kuanzia mwaka 1954 hadi darasa la tano, shule ilipofungwa kwa kukosa mwalimu. Alipokuwa darasa la nne, mwalimu alimtuhumu kuwa amenakili hesabu za mwenzake, akamtaka aombe radhi mbele ya darasa. Cila akakataa. Akasimamishwa nje juani tangu saa tatu asubuhi, naye akasimama. Ilipofika saa sita mwalimu akapitia tena madaftari, akagundua kwamba jibu la Cila lilikuwa sahihi na la yule mwenzake lilikuwa na kosa, basi angenakili vipi? Akamwita aingie ndani. Cila akamjibu, "Nitaingia ukiwaambia na wao." Mwalimu akawaambia. Tunaieleza habari hii mapema ili mjue tangu mwanzo tulikuwa tunaishi na mtu wa namna gani.

Mwezi Oktoba 1966, akiwa na miaka kumi na tisa, aliajiriwa kuwa mfuaji wa timu yetu ya besiboli, Carreteros, iliyochukua jina lake kwa waendesha mikokoteni kama baba yetu. Msimu wetu huanza Oktoba na kuisha Januari, vijana wanaocheza Marekani wanapokuwa wamerudi nyumbani, na katika miezi hiyo minne Doña Cila hakuwa na Jumapili. Udongo wa uwanja wetu ni mwekundu, na ukishaingia kwenye nguo nyeupe haubembelezwi. Aliusugua kwa limau na chumvi, akaloweka, akasugua tena kwa sabuni ya kipande, kisha akaanika nguo ndani nje ili jua lisile rangi ya namba. Mikono yake ilikuwa imekauka kama maganda ya muhogo, na hakuwahi kuificha mezani.

Aliwajua wachezaji kwa nguo zao. Mwaka 1978 kocha alikuja chumbani kwake akilalamika kwamba haelewi kwa nini timu inapoteza. Bila kuinua kichwa kutoka kwenye beseni, Cila akamwambia, "Namba kumi na nne haanguki tena. Magoti yake ni meupe wiki ya pili hii. Ana kitu kinamuuma, au anaogopa." Kijana akaitwa, akakiri kwamba kifundo cha mguu kimevimba na anaogopa kupoteza nafasi. Akapumzishwa, akatibiwa, akarudi na magoti mekundu. Tangu siku hiyo makocha walikuwa wakipita kwanza kwa mfuaji kabla ya kupita kwa daktari.

Ndoa yake na marehemu Leocadio Rijo ilifungwa Jumamosi tarehe 14 Februari 1970, kwa sababu msimu ulikuwa umekwisha na wote wawili walikuwa na nafasi. Leocadio ndiye aliyekaa ndani ya ubao wa matokeo akitundika namba kwa mkono. Kutoka pale juu aliona ua wa nyuma ambako Cila alikuwa akianika. Siku moja wageni hawakuwa wamepata kitu, naye akawatundikia nane. Watu elfu nne wakapiga kelele, mwamuzi akasimamisha mchezo, na Leocadio bado alikuwa anatazama kamba ya nguo. Alipoulizwa akasema jua lilimpiga machoni. Cila alimwambia baadaye, "Nitakuwa mke wa mwongo, lakini angalau unadanganya vibaya." Waliishi pamoja miaka thelathini na tisa, wakabarikiwa watoto watatu, mpaka Leocadio alipotangulia tarehe 6 Juni 2009.

Sasa tumefika kwenye jezi.

Wachezaji wa besiboli, kwa wale mliofika na wake zenu wageni, hawafui ushindi. Ndivyo walivyo. Soksi iliyomletea mtu ushindi Jumanne ataivaa Alhamisi na Jumamosi, mpaka timu ishindwe au mke ahame. Doña Cila hakuamini uchafu, ila aliwaheshimu waliouamini. Akapigilia msumari mrefu nyuma ya mlango wa chumba chake cha kufulia, akatangaza sheria: nguo ya bahati itundikwe kwenye msumari, haitaguswa. Kinachoingia kwenye kapu kinafuliwa, kiwe cha yeyote. Sheria hiyo ilidumu zaidi ya miaka ishirini bila ugomvi hata mmoja.

Msimu wa 1994 na 1995 timu ilishika moto. Ilishinda michezo kumi na mitatu mfululizo, na mrushaji wake, Radhamés Cuello, kijana wa miaka ishirini na mitatu, alishinda saba peke yake akiwa na jezi ileile isiyofuliwa. Ilikuwa inanuka kiasi kwamba wenzake walimwambia akae mwisho wa benchi. Kila baada ya mchezo aliitundika kwenye msumari kwa mikono miwili, taratibu, kama mtu anayemlaza mtoto. Tukafika fainali. Tukashinda tatu, wakashinda tatu, na mchezo wa saba ukapangwa Jumapili tarehe 29 Januari 1995, saa kumi alasiri, hapahapa nyumbani. Boca Higuera haikuwahi kuchukua ubingwa hata mara moja.

Asubuhi ya Jumapili hiyo, saa mbili, Doña Cila alifungua chumba chake. Msumari ulikuwa mtupu. Jezi ya Radhamés ilikuwa kwenye kapu, juu ya taulo. Akasimama. Akaenda mpaka chumba cha wachezaji, akaita, "Radhamés, hii ni ya kufua?" Hapakuwa na mtu, wote walikuwa kanisani au wamelala. Akarudi, akaitazama tena. Sheria ilikuwa yake mwenyewe, na aliyeitia kapuni alijua maana yake. Akaifua. Aliitia limau na chumvi, akaipiga pasi, akaitundika mahali pake ikiwa nyeupe kupita siku iliposhonwa.

Radhamés alipoingia saa nane na kuiona, alikaa kitako.

"Nani kaifua?"

"Mimi," Doña Cila akasema. "Nimeikuta kwenye kapu."

"Niliitundika kwenye msumari, Mama."

"Nimeikuta kwenye kapu, mwanangu."

Radhamés akaivaa. Aliingia uwanjani amesawajika, akarusha raundi mbili tu, wageni wakapata pointi sita, na mchezo ukaisha nane kwa moja. Jioni redio ilimuuliza kilichotokea. Akasema maneno manne: "Walinifulia jezi yangu jamani."

Basi ikawa imetoka. Kesho yake Doña Cila alikwenda dukani kununua sabuni, mwenye duka akamwambia, "Sabuni imekwisha, Doña." Sabuni zilikuwa zimepangwa nyuma ya kichwa chake mpaka darini. Watu wa meza za domino walinyamaza alipopita, wakaanza tena alipokuwa amepita. Timu haikumfukuza, ila wachezaji wakaanza kupeleka jezi zao kwa mama mwingine karibu na daraja. Kwa misimu sita Doña Cila alifua taulo. Alikwenda kila siku kwa wakati uleule, akafua taulo kana kwamba ni nguo za altare, akafunga mlango, akarudi nyumbani. Kila aliyemwuliza alipata jibu moja, bila nyongeza wala machozi: nimeikuta kwenye kapu.

Leocadio alimwamini. Alipima kwa hatua kutoka msumari hadi kapu, akapata hatua saba, akawa anawaambia watu dukani, "Jezi haina miguu." Walimcheka. Na hapa msomaji wa wasifu huu anaomba radhi mbele yenu, maana yeye hakuwa na imani ya shemeji yake. Mwaka uleule wa 1995, wakati wa Kwaresima, huku dada yake akimpakulia maharagwe matamu ya maziwa na karafuu, alimwambia, "Dada, labda ulichoka. Labda ilianguka, ukaiokota mwenyewe ukasahau." Cila alimaliza kupakua. Akamwekea na kijiko. Kisha hakumsemesha mpaka Agosti. Alikuwa anamletea chakula, anamlipia misa ya siku ya kuzaliwa, ila neno hakumpa. Msomaji amekata nywele za mji huu kwa miaka arobaini na minne, amesikia mengi kwenye kile kiti, na hakuna kimya kilichomwuma kama kile.

Wachezaji wale walizeeka, wakaja wengine, na kuanzia mwaka 2001 jezi zilirudi kwake. Alistaafu Januari 2016, mashine zilipoletwa, baada ya misimu hamsini kamili. Alipewa saa ya ukutani na picha ya pamoja. Lakini hata vijana waliozaliwa baada ya mwaka 1995 walimjua kama yule bibi aliyefua jezi, na ubingwa ulikuwa bado haujaja. Kila timu ilipoanguka Januari, mtu mmoja lazima angeupitisha mdomoni msumari ule.

Mwezi Septemba 2023 miguu yake ilianza kuvimba, na pumzi ikawa inamkatika akitoka jikoni kwenda uani. Tarehe 4 Oktoba daktari alimwambia kwamba moyo umepanuka, na kwamba apumzike. Akauliza, "Nitaumaliza msimu?" Daktari akafikiri anaulizia msimu wa mvua. Binti yake Digna akamweleza. Daktari, ambaye naye ni mtu wa hapa, akasema, "Ukitulia, utaumaliza." Kitanda chake kikawekwa barazani, redio ikawekwa juu ya kigoda, na msimu ukaanza.

Ulianza vibaya. Timu ilipoteza michezo tisa kati ya kumi ya kwanza. Kocha mpya alikuwa Radhamés Cuello, amerudi baada ya miaka mingi ya kufundisha ng'ambo, nywele zote nyeupe. Redio ilimsema asubuhi na jioni, na Doña Cila alisikiliza yote bila kutoa neno juu yake, jema wala baya. Mpaka katikati ya Desemba walikuwa mkiani.

Alhamisi tarehe 14 Desemba, saa nne asubuhi, Digna alifungua mlango akamkuta Radhamés amesimama na kofia mkononi. Miguuni pake palikuwa na lile kapu la zamani la chumba cha kufulia, alilolikuta stoo, limejaa jezi chafu za mchezo wa jana waliofungwa. Msomaji alikuwepo, akimkata dada yake nywele.

"Miaka ishirini na tisa," Doña Cila akasema, "na leo ndiyo unaijua njia."

"Naam, Mama."

"Sema kilichokuleta. Persio ana mkasi, asije akaniacha nusu kichwa."

Radhamés akapiga magoti kwenye saruji, mtu mzima yule. "Niliitia mimi kwenye kapu, Mama. Jezi. Mimi mwenyewe."

Msomaji akashusha mkasi. Akaeleza. Ijumaa kabla ya ule mchezo wa saba, kiwiko chake cha kulia kilikuwa kimetoa mlio, na Jumamosi hakuweza kuinua hata kikombe. Uwanjani wangekaa watafuta vipaji kutoka Marekani. Angesema ameumia, wangefunga madaftari yao na kuondoka. Asingesema, angerusha vibaya mbele ya mji mzima bila sababu. Alihitaji kitu cha kubeba lawama. Jumapili alfajiri alipita chumbani, akaona msumari, akaona kapu.

Doña Cila akaitazama mikono yake. Kisha akamwuliza, "Uliitia kwa mkono upi?"

"Wa kushoto, Mama. Wa kulia ulikuwa haunyanyuki."

Akatikisa kichwa. Wanaomjua waliona kwamba amemwamini, na waliona pia kwamba imemchoma moyo mpaka ndani.

"Nilifua taulo miaka sita," akasema. "Mume wangu alikufa wanamcheka. Ndugu yangu huyu, niliyembeba mgongoni kwangu, alinihesabu kichaa. Toka nyumbani kwangu."

Radhamés akasimama, akavaa kofia, akainama kuchukua kapu, akaenda. Alipofika langoni akasikia sauti.

"Kapu liache."

Siku hiyo nyumba ilifua jezi ishirini na saba. Doña Cila aliamrisha akiwa kwenye kiti, Digna na msomaji wa wasifu wakasugua. Msomaji alikemewa kwamba anafua kama anayemwogesha paka. Jioni Radhamés alipokuja kuzichukua alisema, "Kesho nitazungumza redioni. Nitasema yote."

"Hutasema," Doña Cila akamjibu. "Ukisema leo watakuzomea, na vijana wale watakuwa hawana mtu. Ngoja msimu uishe. Mimi nimengoja mara ishirini na tisa, ya thelathini hainiui. Ila nina sharti. Jezi zifuliwe kila siku, mshinde msishinde. Na ule msumari ung'oe."

Aliung'oa siku ileile. Timu ikaanza kushinda. Mtu asije akasema ni sabuni. Doña Cila mwenyewe angemtoa mbio. Alisema ni kwa sababu kocha alikuwa ameacha kuogopa, na mtu asiyeogopa hufundisha vizuri. Waliposhinda minne mfululizo, mrushaji kijana Yeuri Encarnación aliificha jezi yake chini ya godoro kwa kuilinda bahati. Radhamés akainua godoro mbele ya wote, akampa mkononi. "Kapuni," akasema. Kijana akawa mweupe mdomo. Akasema, "Kocha, unajua ilivyotokea safari ile." Radhamés akajibu, "Mimi ndiye ninayejua. Itie kapuni." Akaitia.

Walimaliza nafasi ya pili, wakafika fainali, na fainali ikafika mchezo wa saba, Ijumaa tarehe 26 Januari 2024. Sisi wa nyumbani tulijua kilichokuwa mizanini. Wakifungwa na jezi safi, mji ungemtafuta Doña Cila tena, na safari hii asingekuwa na muda wa kungoja wasahau. Digna alimwomba wavunje sharti siku hiyo moja tu. Akasema, "Zifueni. Na kola msiziruke." Akavalishwa gauni lake la bluu, akapelekwa uwanjani kwa kiti cha magurudumu, akawekwa karibu na benchi, blanketi magotini. Tulishinda nne kwa tatu. Mpira wa mwisho ulipodakwa alimshika mdogo wake mkono, akaubana, mkono ule wa maganda ya muhogo, na uchungu wake bado upo vidoleni.

Radhamés alitimiza ahadi. Katikati ya uwanja, kombe likiwa bado mikononi mwa wengine, alichukua kipaza sauti akasema yote, tangu kiwiko mpaka kapu, akilia. Lakini mlikuwepo, mnajua. Ngoma zilikuwa zinapigwa, matarumbeta yanalia, watu wamepanda uzio, na bendi ilikuwa imeanza. Waliosikia ni safu tatu za mbele, na wawili kati yao walikuwa viziwi.

"Amesema?" Doña Cila akauliza.

"Amesema, Dada."

"Wamesikia?"

Mdogo wake akatazama umati. "Walio karibu."

Alicheka mpaka akakohoa, mpaka Digna akaogopa. Kisha akajifuta macho, akasema, "Sawa. Basi mtaisoma siku ya mazishi yangu. Huko ndiko watu wanakonyamaza."

Baada ya hapo alidhoofika, ila kwa furaha. Alipokea wageni kila siku. Mwenye duka, mzee sasa, alikuja na katoni nzima ya sabuni, akaiweka mlangoni, akageuka kuondoka. Doña Cila akaagiza aitwe, akampa kahawa, na sabuni zikagawiwa majirani. Yeuri alikuja kumuaga kabla ya kwenda Marekani, akaambiwa aonyeshe magoti ya suruali yake. Jumamosi tarehe 9 Machi 2024, saa moja asubuhi, baada ya kuonja maharagwe matamu ya Digna na kusema yamepungua karafuu, Doña Cila alifariki dunia kitandani kwake barazani, miezi miwili kabla ya kutimiza miaka sabini na saba.

Ameacha watoto watatu: Yocasta, Bolívar na Digna; wajukuu saba na kitukuu mmoja aliyezaliwa Jumatano iliyopita na kupewa jina lake; wadogo zake wawili, Mireya na Persio; na timu. Sala za siku tisa zitafanyika nyumbani kwake, saa kumi na moja jioni.

Wachezaji walioko nchini wako nyuma yenu, wamevaa jezi nyeupe. Jana walikataa mashine. Walikuja uani kwa Doña Cila, wakazifua wenyewe kwa mikono, kwa limau na chumvi, kila mtu yake. Zimetakata vibaya. Kola zina udongo, na wa tatu kutoka kushoto hakusugua kabisa. Angewaona angewarudisha wote kwenye beseni, na Oktoba, msimu ukianza, wataanza kujifunza upya; Digna amekubali kuwafundisha. Radhamés Cuello amesimama pamoja nao. Jana wasifu huu ulipelekwa kwake kwanza. Aliusoma wote, akasahihisha tarehe moja, akaweka sahihi chini.

Mungu aipumzishe mikono yake, ilifanya kazi ya kutosha. Sasa, kwa agizo la marehemu, na kwa kuwa mmenyamaza, na kwa niaba ya shemeji aliyepima hatua saba na ya ndugu ambaye hakuamini, yasomwe na yabaki yamechapishwa:

Jezi ilikuwa kwenye kapu.